Mwaka Nilipomwonjea Papa Asende

Habari ya kifo cha Papa Asende ilinikuta na kitunguu mkononi, kwa hiyo hakuna mtu katika jiko langu aliyejua ninalia nini. Simu ilitoka Fizi. Sauti ya kijana nisiyemfahamu ikaniuliza kama mimi ndiye Mama Nyota mwenye restora karibu na soko la Baraka. Nikasema ndimi. Akasema, "Papa Asende alituacha jana asubuhi. Mama alisema tukuambie." Nikamshukuru, nikaweka simu chini, nikaendelea kukata. Nilikata vitunguu vyote vilivyokuwa kwenye kikapu, na wateja wangu watakuambia kwamba supu ya siku ile ilikuwa na vitunguu kuliko maji. Mimi ni mtu wa kukuza mambo, hapa mjini wote wanalijua hilo. Samaki wa kilo mbili akipita mdomoni mwangu anatoka na kilo tisa na mtoto mgongoni. Lakini sikuzaliwa hivyo. Nilizaliwa mtu wa maneno machache, tena ya kuvutwa. Tabia hii nilifundishwa kwa mwaka mmoja, jikoni, na aliyenifundisha ndiye huyo aliyekufa.

Mwaka ule nilikuwa na miaka ishirini na miwili na chumba kimoja nyuma ya soko. Nasema chumba, ukitaka kugeuka kitandani ilibidi kwanza ufungue mlango. Nilikuwa nimeshuka kutoka Lubondja na mkeka mmoja, sufuria moja na sahani moja, na ile sahani moja ndiyo iliyoniambia kwamba niko peke yangu, maana sikuwahi kufikiria habari ya sahani mpaka jioni ya kwanza nilipogeuza bugali na kukuta nimepika wa watu wanne, kama mkono ulivyozoea. Ukuta ulikuwa wa matofali mabichi. Upande wa pili walikaa wakimbizi kutoka Burundi, baba, mama, na watoto ambao sikufaulu kuwahesabu, siku nyingine watano, siku nyingine kumi na saba. Jioni walikula pamoja. Nilisikia sahani zikiwekwa chini, sala fupi, kisha maneno yao yakianza kupita kutoka mdomo hadi mdomo, baba akisema jambo kwa sauti ya chini, na wote wakicheka. Sikujua Kirundi hata neno. Nilikaa na tonge mkononi nikingojea kicheko, nao wakicheka, nami nilicheka upande wangu, kimya kimya, bila kujua tunacheka nini. Mpaka leo naamini yule baba alikuwa mchekeshaji mkubwa kuliko wote waliowahi kuvuka Ruzizi.

Kazi niliipata katika nyumba ya wageni iliyokuwa karibu na ziwa, nyumba ya vyumba sita ambamo walilala watu wa miradi, wakaguzi wa barabara, na mapadri wanaopita. Msimamizi aliitwa Musie Fideli, mwanaume mwembamba mwenye funguo nyingi kiunoni. Akitembea ungedhani kengele ya kanisa imeshuka mnarani inatafuta waumini. Aliajiri haraka na kufukuza haraka zaidi. Msichana aliyekuwa kwenye nafasi yangu aliondoka kwa sababu ya sombe, yale majani ya muhogo, iliyoungua, akafika nyumbani kwao bado amefunga aproni. Mpishi alikuwa Papa Asende, mtu wa Fizi, mkubwa wa mwili, mikono mipana kama makasia, sauti ndogo isiyolingana na kifua kile. Mke wake, Mama Eliza, alibaki Fizi kulima. Papa alipanda kwenda kumwona mara moja kwa mwezi; siku nyingine zote alilala katika kachumba nyuma ya jiko, kati ya magunia ya makala na madumu ya mawese. Mimi nilikuwa wa kumenya, kuosha, kuwasha mbabula, lile jiko la makaa, na kunyamaza.

Sifa ya nyumba ile ilikuwa chakula kimoja, samaki wa Kihispania. Miaka mingi kabla yangu alikaa pale Mhispania mmoja, mchimba visima, aliyechoka kula samaki wa kukaanga asubuhi na jioni. Siku moja akaingia jikoni, akavua saa, akamwonyesha Papa namna ya kwao. Sangala mkubwa hakatwi kwa urefu. Anakatwa kwa upana, mfupa wa mgongo ukibaki katikati, kila kipande unene wa vidole viwili, kama mtu anayekata mkate. Vipande vinapakwa chumvi, vinapumzika, vinapitishwa kwenye unga kidogo, vinaonyeshwa mafuta ya moto upande huu na upande ule, halafu vinatolewa kabla havijaiva. Katika mafuta yale yale vinaingia vitunguu, vingi, polepole, mpaka visahau kwamba vilikuwa vitunguu. Kisha vitunguu saumu, kisha pilipili kubwa zile zisizowasha, kisha nyanya zilizotolewa ganda na kupondwa. Mchuzi unakaa motoni mpaka mafuta yapande juu yenyewe. Hapo ndipo samaki anarudi, sufuria inafunikwa, na mwiko unawekwa chini: haikorogwi tena, inatikiswa tu kwa masikio yake, vipande visivunjike. Mhispania alikuwa na mafuta ya mzeituni, na zeituni za kopo, na divai nyeupe. Alipokwenda kwao, kopo la mwisho likaisha, na Papa akaanza kuziba mapengo kwa vitu vya hapa: mawese yaliyochomwa mpaka yakapoteza wekundu, ganda la limau, na badala ya divai, kijiko kimoja cha maji ya marakuja, tunda la pasheni. Mimi nasema Uhispania yenyewe haijawahi kula hivyo. Watu walitoka Uvira kwa ajili ya samaki huyo. Wengine, naapa, walibuni semina nzima ili wapate sababu ya kulala Baraka.

Mwezi wa pili niligundua siri. Makopo ya sukari na chumvi katika jiko lile yalifanana kama mapacha, na asubuhi moja, macho bado yamejaa usingizi, nilitengeneza chai kwa kopo baya. Vijiko vitatu kwa Papa, vitatu kwangu. Nilijua kosa nilipoonja ya kwangu. Niliitema mpaka ukutani. Nikageuka nimwambie aache. Papa alikuwa ameinua kikombe, anakunywa taratibu, anatazama ziwa kupitia dirishani. Akanywa mpaka chini. Akafuta masharubu.

"Chai ya leo iko muzuri," akasema. "Iko na sukari ya kutosha."

Akaona uso wangu. Akaona maji yanayoteremka ukutani, akaangalia kopo lililokuwa wazi juu ya meza, akachovya kidole, akaweka ulimini, akangoja. Alingoja muda mrefu, kama mtu aliyebisha hodi kwenye nyumba ambayo amesikia wenyewe walihama.

"Tangu lini, Papa?" nikauliza.

"Tangu ile homa ya mvua ya mwaka ulipita. Nililala wiki tatu. Mwili ilirudia, ulimi haikurudia. Pua nayo ikaifwata." Akatazama mlango. "Mi napika kwa kukumbuka. Mukono inakumbuka. Lakini nyanya ya leo haiko nyanya ya jana, na ile mukono haiwezi kujua."

"Musie Fideli anajua?"

"Akijua leo, kesho niko Fizi nafukuza ndege ku muchele. Kupika njo kazi yangu moja, mutoto. Sijue ingine." Akafunika kopo. "Hata Mama Eliza hajue. Nikienda kwake nakula, nasema, iko tamu. Usiambie muntu."

Nikasema sitamwambia mtu. Hilo angalau nililitimiza.

Hivyo ndivyo nilivyokuwa ulimi wa mtu mwingine. Papa alikuwa mtu wa kuonja kwenye kiganja, kama mama zetu: unachota kwa mwiko, unamwaga tone kwenye kiganja cha kushoto, unalamba, na mwiko unarudi sufuriani bila kuguswa na mdomo. Sasa akawa anachota, anajimwagia kwanza yeye, analamba vizuri, ili yeyote anayepita mlangoni aone mpishi anaonja. Kisha, kwa sauti ya mtu anayefundisha kazi, anasema, "Leta mukono," na kunimwagia mimi. Mara ya kwanza nilionja nikamwambia, "Iko sawa, Papa." Akatikisa kichwa. "Sawa haiko chakula," akasema. "Sawa ni neno ya bureau, ya kupiga muhuri. Mi niko inje ya nyumba, weye uko ndani. Nielezee mule ndani muko namna gani. Chumvi iko mbele ya ulimi ao nyuma? Ile marakuja inafika mbio, ao inachelewa?" Nikaona aibu, nikasema chumvi iko mlangoni, bado haijaingia. Akacheka, akaongeza kidogo. Siku iliyofuata nikasema nyanya ni kali kama mama mkwe aliyekosa kiti. Nikasema vitunguu saumu vinapiga kelele na vitunguu vikubwa vimelala, hakuna anayewasikiliza wenzake. Papa alifumba macho, tumbo likatikisika kwa kicheko, mkono ukaenda wenyewe kwenye kile kinachotakiwa, makala yakapunguzwa, na "Leta mukono" tena. Kadiri nilivyokuza ndivyo alivyoona. "Ongeza," alikuwa akisema, "mi niko mbali, panda sauti." Mchuzi niliouonja mwaka ule ungemwagwa ziwani, watu wa Kigoma wangehamia milimani.

Sikumwambia kwamba hayo ndiyo yalikuwa mazungumzo yangu yote. Nikitoka kazini nilikwenda shule ya jioni, katika chumba cha watoto wa darasa la kwanza, watu wazima tisa tumekunja miguu kwenye madawati mpaka magoti yanagusa masikio, kila mmoja amechoka na kazi yake, kila mmoja anakimbilia kwake mwalimu akifunga daftari. Halafu chumba, sahani, ukuta, kicheko cha Warundi. Zilikuwapo siku ambazo maneno yote niliyoyatoa mdomoni tangu jua kuchomoza yalikuwa juu ya nyanya. Asubuhi Papa aliniuliza, "Jana mulisoma nini?" nami nikamweleza mito, au sehemu za nambari, au kwa nini mwezi unakonda, naye akisikiliza kwa macho yaliyofumbwa vile vile, kama anayeonjeshwa. Yeye aliishia darasa la tatu. Lakini hatukula pamoja hata mara moja. Saa nane, wageni wakishamaliza, alichukua sahani yake, akawa ananipa mgongo, akala haraka kama mtu anayemeza vidonge. Mimi nilikula kwenye kizingiti. Nilimwuliza mara moja kwa nini asije akae nje, kuna upepo. Akasema, "Mutoto, nikikuona unatafuna, nasikia wivu." Alisema akitabasamu, na sikumwuliza tena.

Siku iliyoharibu kila kitu ilikuwa ile ya mtihani wangu wa mwisho wa mwaka, saa kumi na moja jioni. Mchana huo huo walitarajiwa wageni wakubwa kutoka Bukavu, na kati yao mama mmoja daktari, Mhispania wa kweli, aliyesikia kwamba Baraka kuna mtu anapika cha kwao. Musie Fideli hakulala siku mbili. Funguo zilipita uani, zikarudi, zikapita. Shida ilikuwa samaki. Mwezi ulikuwa mkubwa, wavuvi wa taa hawakuingia ziwani, na sangala pekee aliyepatikana aliletwa kutoka Lweba na Mama Feza, muuzaji wetu, amemfunga kwenye moto, yaani pikipiki, mkubwa kama mtoto wa ndama. Alinikuta mlangoni.

"Huyu alilala kwangu," akasema. "Barafu haiko, nilimusukumia chumvi mu tumbo na mu mashavu asioze. Umuoshe sana. Na umwambie Papa akaze mukono ku chumvi, asiweke mingi."

Nikasema ndiyo, mama. Nilimwosha nikikariri mito inayoingia mto Kongo, ya kushoto, ya kulia, na nilipofika mto wa tano samaki alikuwa safi machoni na ujumbe wa Mama Feza ulikuwa umekwenda na maji. Niliukumbuka baadaye, nilipomwona Papa anapaka chumvi vipande vilivyokatwa, kwa mkono ule unaokumbuka, kiasi kile cha siku zote. Nilifungua mdomo. Kisha nikajisemea, kitajulikana kwenye kuonja. Tuna dawa yake, viazi viwili, maji kidogo, nyanya nyingine. Nikarudi kwenye mito yangu.

Wageni walikuwa wafike saa sita. Barabara iliwashika, wakafika saa kumi imepita. Muda wote ule mchuzi ulikaa kwenye mbabula ukipungua, ukizidi kuwa mzito, na mimi nikiangalia jua badala ya sufuria. Samaki aliporudishwa mchuzini nilikuwa nimeshabadili kitenge, nimenawa mikono kwa sabuni, madaftari yako kwapani, nimesimama mlango wa nyuma. Musie Fideli akasimama mlango wa mbele.

"Papa Asende, bageni bako ku meza. Tunangoja nini?"

"Kuonja tu, Musie." Papa akachota, akajimwagia kiganjani, akalamba vizuri. Akachota tena. "Mutoto, leta mukono."

Kutoka pale mlangoni mpaka kwenye sufuria ni hatua sita. Nimezipima mara nyingi tangu siku ile. Ni sita.

"Nilionja sasa hivi, Papa," nikasema. "Iko sawa."

Akabaki ameshika mwiko hewani. Nilidhani anangojea maneno mengine yaje, maana tangu ile mara ya kwanza sikuwa nimempa mawili peke yake. Musie Fideli akakohoa. Papa akateremsha mwiko. "Basi," akasema, "tupakue." Na mimi nikaambiwa nibebe sahani kwanza, shule nitaenda baadaye.

Ndiyo maana nilikuwapo. Nilimwona daktari akikata kipande, akifunga macho kama mtu anayengojea sauti ya nyumbani, akayafungua. Akanywa maji. Akala kipande cha pili kwa adabu, akanywa maji, akahamia kwenye wali. Hakuna aliyesema neno juu ya chakula. "Barabara ilikuwa na vumbi sana," mmoja wao alisema, akivuta jagi. "Vumbi sana kabisa," mwenzake akajibu, akanyoosha mkono alipewe na yeye. Walikunywa majagi saba, na hapa sikuzi. Musie Fideli alisimama kwenye korido, akatia kidole katika sahani iliyorudi, akalamba, akaja jikoni bila kelele. Alikuwa ameshika funguo zote kwa mkono.

"Nani ameonja hii?"

Katika nyumba ile, aliyeonja mwisho ndiye mwenye sufuria. Hilo lilikuwa wazi kama msumari ukutani.

"Nilisikia mutoto anasema alionja," akasema Musie Fideli, akanigeukia. "Ni weye?"

"Ni miye nilionja," akasema Papa. "Huyu ni wa kuosha."

"Weye? Ulionja hii, ukaona ni chakula ya kupeleka?"

"Uliniona, Musie. Ulikuwa pale."

"Papa, hii inaweza kukausha ziwa. Uliweka mu kinywa yako, na haukusikia?"

Papa alitazama mikono yake. Njia zilikuwa mbili tu, nami nilizijua zote mbili, maana hakuna mtu mwingine duniani aliyejua. Akisema ni huyu msichana, mimi ninatoka na aproni yangu, na shule inakwisha, na siri yake inabaki. Akisema alionja yeye, anajifunua.

"Sikusikia, Musie," akasema. "Ulimi yangu ilikufa tangu mvua ingine. Nilikuficha."

Nilikuwa na nafasi ya kusema. Nafasi yenyewe ilikuwa pana, ungeweza kuchezea mpira ndani yake. Musie Fideli alinyamaza muda mrefu kwa mshangao, na muda wote ule ulikuwa wangu. Papa ndiye aliyeutumia kwanza. Alinigeukia kwa ile sauti yake ndogo. "Enda ku shule," akasema. "Saa imefika." Na nikaenda. Niliandika mito yote, ya kushoto na ya kulia, na nikafaulu.

Asubuhi kachumba nyuma ya jiko kalikuwa wazi, makala upande huu, madumu upande ule, katikati nafasi ya mtu mkubwa. Alikuwa amepanda Fizi na gari la kwanza. Musie Fideli alinipa mwiko bila hotuba, kwa kuwa hakuna mwingine aliyejua samaki wa Kihispania, na hivyo ndivyo nilivyopanda cheo. Nilipika jikoni mle miaka tisa. Wageni walisifu. Wengine waliniita ndani wanipe mkono. Lakini hakuna hata mmoja aliyetaka kujua chumvi iko mbele au nyuma, wala marakuja inafika mbio au inachelewa, na nikiwa nayasema hayo ilikuwa kwa dirisha. Jioni nilirudi kwa ukuta wangu. Kisha Warundi nao wakahama, na wapangaji wapya walikuwa watu wa kula bila kuongea.

Madereva wa moto waliopanda Fizi walinirudishia salamu. "Yule Papa anauliza umefika darasa ya ngapi." Kila mwaka nilijibu: la tano, la sita, sekondari. Nilipopata diploma, wa kwanza katika shule ile ya jioni na, kwa maoni yangu, bora kuliko wote watakaokuja, nilituma habari kabla hata wino haujakauka. Jibu likaja kwamba Papa alicheka mpaka akakaa chini. Lakini mwenyewe sikupanda. Nikaolewa, nikafiwa, nikafungua restora, nikaweka diploma ukutani juu ya mbabula ambapo imekuwa na rangi ya samaki wa kukausha, na sikupanda. Nilisema barabara ya Fizi ina siku zake mbaya. Inazo. Lakini haikufungwa miaka ishirini na minane.

Siku ya pili baada ya simu nilinunua sangala, nikamfunga nyuma ya moto kwa mpira, mkia wake ukiwasalimia watu njia nzima. Fizi kulikuwa na ubaridi. Uani kwa Papa Asende wanaume walikaa kwenye viti vya kuazima, wanakwaya walikuwa wamepumzika, wanawake walikuwa nyuma ya nyumba kwenye masufuria. Sikumjua mtu. Nilisimama na samaki wangu kama mchuuzi aliyekosea siku ya soko, mpaka mama mmoja mfupi, kichwa kimefungwa kitambaa cheusi, akainuka kwenye mkeka akaja kunitazama usoni.

"We njo Nyota," akasema. "Ulimi yake."

Mwaka mzima wa jikoni tulificha neno hilo, na sasa lilisemwa uani, mbele ya watu wanaochambua mchele.

"Alikuambia, Mama Eliza?"

"Alirudia akaniambia yote ile siku. Toka pale njo miye nilikuwaka naonja. Kila siku anauliza, iko namna gani? Nasema, iko sawa. Anacheka, anasema, mama, unapika muzuri lakini unaongea kama bureau. Kule Baraka nilikuwa na mutoto, akikuelezea mboga unashiba mbele ya kukula." Alishika samaki, akampima kwa mkono, akamrudisha. "Alisema ulimuelezea yote, kila siku. Siku moja tu mukono yako ilikuwa mukavu."

Nikatazama kiganja changu. "Aliona?"

"Aliona. Haiko nyanya, haiko mafuta, mukavu kama ya muntu anatoka kanisani. Lakini mukubwa wenu alisimama ku mulango. Akikuambia, kuya uonje tena, yule atauliza, mupishi anaomba mutoto nini? Akinyamaza, labda chakula itakuwa muzuri, labda itakuwa mubaya. Alinyamaza."

"Alikasirika?"

"Alikasirika muzuri," akasema Mama Eliza. "Miezi tatu, haukutajwa hapa. Kisha siku moja anakula maharagi, anasema, yule mutoto, sijue alipita mu mutihani. Akaanza kukuulizia." Akanisukuma taratibu kuelekea kwenye moto. "Mupike vile mulikuwa munapika."

Nilimkata kwa upana, vidole viwili, mfupa katikati. Wanawake walinisogezea mbabula na kuniangalia. Vitunguu, polepole. Nyanya za Fizi ni ndogo na kali. Marakuja nilikuwa nayo mkobani. Mafuta yalipopanda juu nilirudisha vipande, nikatikisa sufuria kwa masikio yake, nikatafuta kijiko mfukoni mwa aproni, maana tangu siku ile mimi naonja kwa kijiko, kama bazungu. Mama Eliza alikuwa ameshachukua mwiko. Alichota.

"Leta mukono," akasema.

Nikakinga kiganja. Mchuzi ulikuwa wa moto. Niliubeba mpaka mdomoni.

"Iko namna gani?"

Nikaanza kwa sauti ndogo. Akanigusa bega, akaonyesha kwa kidevu upande wa migomba, mahali udongo ulipokuwa bado mwekundu. "Panda sauti," akasema. "Iko mbali."

Basi nikapandisha. Nikasema nyanya ya kwenu, Papa, ni kali kama mama mkwe aliyekosa kiti na viatu vyake vimeibwa. Nikasema vitunguu vimelala usingizi wa mchana, saumu imewapitia juu kwa vidole vya miguu. Nikasema marakuja imechelewa lakini imekuja na zawadi. Mwanamke mmoja kwenye mchele akacheka, kisha wa pili, na wanaume upande wa mbele wakanyamaza wasikilize kuna nini huku nyuma. Nilisema kila kilichokuwa ndani, kuanzia mlangoni mpaka ukuta wa mwisho. Nikabakiza kimoja.

"Na chumvi?" akauliza Mama Eliza.

"Chumvi bado, Papa," nikasema. "Iko nje, haijaingia."

Nikaongeza kwa vidole vitatu, nikatikisa sufuria, nikakinga kiganja tena.